Bibi Harusi Hakuinua Macho

Mdogo wangu Waridi anatengeneza filamu ambazo ndani yake hakuna anayepigana, hakuna anayependana, na wakati mwingine hakuna mtu kabisa. Nayasema haya mapema ili nisije nikalaumiwa. Mimi ni Safina, dada yake mkubwa, nauza vitambaa hapa Ifakara, na kwa miaka minane wateja wamekuwa wakiniuliza swali lile lile: "Huyo mdogo wako anafanya kazi gani hasa?" Zamani niliwajibu kwa ukali. Siku hizi nawaambia wakae, nawapimia kitambaa huku nawaeleza.

Filamu yake ya kwanza ilihusu pantoni. Kabla daraja halijajengwa, kuvuka Mto Kilombero kwenda upande wa Mahenge kulitaka kungoja pantoni, na kungoja kwenyewe kulikuwa nusu ya safari. Daraja lilipofunguliwa watu walishangilia, Waridi naye akashangilia, kisha akakusanya watu arobaini waliokuwa wakivuka enzi hizo, akawapanga foleni pale pale ukingoni, akawaambia wangoje. Akawapiga picha wakingoja. Kila mmoja alitaja mzigo aliokuwa nao siku anayoikumbuka zaidi: huyu bata watano, yule cherehani, mwingine maiti ya kaka yake. Dakika ishirini na mbili. Tulipoitazama nyumbani, baba mdogo Abdulnasir alivumilia kwa adabu mpaka dakika ya kumi na tano, akaniinamia akauliza, "Inaanza saa ngapi?" Dar es Salaam waliipigia makofi wakasema ni filamu ya majaribio. Nikasema afadhali wamekiri wenyewe.

Ya pili aliifanyia Mngeta, ambako watu wametoka kila pembe ya nchi kufuata mpunga. Aliwauliza, "Kwenu ni wapi?" akapiga picha mikono tu, ikionyesha upande. Kuna mama mmoja alionyesha chini, miguuni pake, akakaa hivyo hivyo bila neno. Waridi aliporudi akaniuliza na mimi. Babu yetu alitoka Kilwa na mzigo wa kanga, na mpaka leo tunaitwa watu wa pwani, lakini mimi Kilwa nimefika mara moja tu, na tumbo likaniuma siku zote nne. Kindamba, lugha ya wenyeji wa hapa, nakijua kuliko baadhi ya Wandamba ninaowauzia vitambaa. Mkono wangu ulibaki hewani haujui uelekee wapi. Alicheka, akautia kwenye filamu bila kuniomba ruhusa.

Ugonjwa wenyewe kaurithi. Baba yetu, Mzee Mbaruku, alikuwa mpiga video za harusi tangu mwanzoni mwa miaka ya tisini. Alikuwa na kamera ile kubwa ya kubeba begani, fulana yenye mifuko minane, na sauti ya kuamrisha hata mapadri. Ifakara, Kiberege, Michenga, kote huko ukimtaja watu wazima watakwambia, "Aaa, yule aliyetuambia tusimame vizuri." Waridi alikulia mgongoni mwa kazi hiyo. Mimi nilipewa mkasi na futi, yeye akapewa mwamvuli wa kuizibia kamera jua, na nadhani hapo ndipo tulipoachana njia.

Miaka miwili iliyopita akalitoa uvunguni sanduku la bati la baba. Ndani mlikuwa na kanda sabini na tatu. Akamtafuta fundi wa kufufua deki ya kuchezea kanda, na deki ikafufuka, ikawa inanguruma tu kidogo. Mpango wake ulikuwa huu: anaichukua kanda, anaipeleka kwa wenyewe, anaiweka mbele yao, anawapiga picha wakijitazama. Na alijiwekea sharti moja ambalo mimi nililipinga tangu siku ya kwanza. Kanda yoyote, yeye haitazami kabla ya wenyewe. Anataka waione pamoja, ili mshangao uwe mbichi kwa wote.

"Na kama ndani mna aibu?" nilimuuliza.

"Dada, harusi ina aibu gani?"

Nikanyamaza. Huwa nanyamaza nikijua nitakuja kusema nilikwambia.

Kanda kumi na moja za mwanzo zilikwenda vizuri ajabu. Mzee mmoja wa Kiberege alijiona akicheza na nywele zake zote kichwani, akaomba apelekwe kwenye hicho kipande mara sita. Wanandoa walioachana zamani walikaa viti viwili mbalimbali, mwisho wakawa wanabishana kwa furaha ni nani aliyealika watu wengi. Televisheni iliyokuwa inazunguka kote huko ni ya sebuleni kwangu, inapanda bajaji mara nyingi kuliko mimi, lakini hayo tuyaache.

Ndipo akaipata kanda ya Michenga. Juu yake, kwa mwandiko wa baba, iliandikwa: PANTALEO NA BALBINA, SEPTEMBA 1997.

Waridi alikuja dukani mbio, ameishika kwa mikono miwili. Nami niliacha kitambaa cha mteja mezani, maana Balbina tulimfahamu sote. Kila Januari alikuja kununua vitambaa vya sare za wanawe, na kila Januari alimsalimia baba kwa heshima, halafu akauliza, "Mzee, ile kanda yetu?" Baba anajibu, "Ipo, mwanangu, naitafuta." Kisha baba anakumbuka jambo la haraka huko uani. Nilidhani ni uzembe tu wa mafundi, maana fundi wa nchi hii hata akiwa baba yako atakwambia njoo Jumatatu. Mwaka 2019 Pantaleo alifariki. Januari iliyofuata Balbina alikuja, akanunua vitambaa vyake, akauliza kuhusu kanda kwa sauti ndogo, na tangu hapo hakuuliza tena.

"Atamwona mume wake," Waridi alisema. "Dada, atamwona akitembea."

Nililia pale pale dukani, na mteja naye akalia, ingawa hakuwajua wahusika.

Jioni tulimwambia baba. Alikuwa barazani anakunywa chai. Aliigeuza kanda akausoma mwandiko wake, akasema, "Hiyo msiende nayo."

"Kwa nini, baba?"

"Imezeeka. Itakatikia kwenye deki."

Waridi akamwambia nyingine za mwaka huo huo zimecheza bila tatizo. Baba akasema kichwa kinamuuma, akaingia ndani na chai yake nusu. Hapo ningekuwa na akili ningeshtuka. Nilichofanya ni kumpelekea dawa ya kichwa.

Jumapili baada ya misa tukawa Michenga. Televisheni iliwekwa juu ya meza chini ya upenu wa nyumba ya Balbina, waya ukavutwa kutoka dirishani, na nusu ya kijiji ikaja na vigoda vyake. Alikuwepo binti yake mkubwa, Noela. Alikuwepo Wendelin, aliyekuwa mpambe wa bwana harusi, mtu mwembamba mwenye ubishi wa kuzaliwa nao. Balbina mwenyewe alikuwa amesuka nywele na kuvaa kitenge kipya. Hakuwa mzee, hata hamsini hakuwa amevuka, lakini siku hiyo alikuwa na woga wa msichana.

Waridi kabla ya kuweka kanda huuliza swali moja. Akawasha kamera yake, akamuuliza, "Mama Noela, wewe unaikumbukaje hiyo siku?"

Balbina akafikiri. "Viatu," akasema.

Watu wakacheka.

"Msicheke, ni kweli. Shangazi yangu Sikitu aliniambia, bibi harusi akiinua macho watu watasema ana haraka ya mume. Akicheka ndiyo kabisa. Basi nikainamisha kichwa kutoka kanisani mpaka siku inaisha. Harusi yangu nimeiona kwa viatu. Vya padri vilikuwa na vumbi. Vya Pantaleo aliazima, vilikuwa vikubwa, vinampwaya. Nilijua hata waliocheza, nilisikia ngoma ya sangula inapigwa, naona miguu tu inapita. Uso wa mume wangu siku ile sikuuona. Nikasema moyoni, si kitu, mzee wa kamera yupo, nitakuja kumtazama kwenye video."

Sote tulioolewa miaka ile tulielewa. Mimi pia nilikaa siku nzima nikitazama mkeka.

Waridi akabonyeza. Ikaja barabara ya Michenga, vumbi jekundu, mlango wa kanisa umefungwa bado, na kidole cha baba kikipita pembeni. Balbina akashika mkono wa Noela. Sekunde tisa, nilikuja kuzihesabu baadaye. Kisha michirizi myeupe, kioo kikatetemeka, na picha ikatulia juu ya mwanaume mnene aliyevaa kanzu na kofia, anaingia nyumba ya watu kwa dufu.

Kisha Wendelin akasema, "Pantaleo alisilimu lini?"

Kijiji kizima kikaanguka kwa kicheko. Hata Balbina alicheka, mkono mdomoni. Mimi sikucheka, kwa sababu yule mwenye kanzu nilimjua. Alikuwa Amiri wa Kiberege, na harusi yake na Nadhira ilikuwa Desemba ya mwaka ule ule, nami niliwashonea mapazia.

Kicheko kilipoisha Balbina akasema, "Si iko mbele huko?" Waridi akaipeleka mbele. Amiri akala wali mbio mbio, Nadhira akalia mbio mbio, wageni wakaondoka mbio mbio. Tukafika mwisho wa kanda. Akairudisha, akatafuta tena. Amiri na Nadhira tu.

Balbina akainuka. Hakusema neno baya hata moja. Aliweka sawa kitenge chake, akasema, "Kuleni kwanza, perege watapoa," akaenda jikoni. Tukala. Sijawahi kula samaki mtamu kwa uchungu namna ile. Waridi alikuwa ameizima kamera, na hilo sijawahi kumwona akilifanya popote.

Kwenye bajaji niliipakata televisheni yangu, sikuthubutu kusema nilikwambia. Nilisubiri tufike, hasira zote nikamwekea baba.

Alikuwa anatungoja barazani. Aliona nyuso zetu, akaishusha redio chini. "Ilikuwa mvua," akasema kabla hatujamsalimu.

Ilikuwa mvua kweli, ile ya mwisho wa mwaka 1997 iliyokata barabara nyingi za bonde hili. Kanda mpya hazikuwa zinafika. Harusi ya Kiberege ilikuwa kesho yake, kanda nyingine zilikuwa zimekwama huko zilikopelekwa kutolewa nakala, na mkononi baba alikuwa na hii ya Michenga tu, isiyotolewa nakala bado. Akajiambia kwa kuwa Michenga hakufikiki kwa wiki nyingi, ataifuta hiyo, halafu atawaomba Pantaleo na Balbina wavae nguo tena siku moja, awapige upya kidogo. Mvua ikakatika, nguo ya harusi ikarudi kwa mwenyewe, Balbina akawa mjamzito, na neno likawa gumu kutoka. Hakwenda tena kupiga harusi Michenga. Akiitwa, alisema ana kazi kwingine.

"Miaka ishirini na saba, baba!" nilisema. Sauti ilinipanda, Mungu anisamehe. "Kila Januari unamwambia mjane ipo, ipo!"

"Alikuwa bado hajawa mjane nilipoanza," akasema, na hilo ndilo lililonimaliza. Nikaingia ndani nikafua mapazia ambayo hayakuwa machafu.

Waridi hakufoka. Alikaa chini kwenye ngazi, karibu na miguu yake, akamuuliza, "Baba, unaikumbuka?"

"Nini?"

"Harusi yenyewe."

Nilimsikia akikohoa mpaka huko karoni. Kisha akasema, "Nyingine zote zimechanganyika. Hiyo nimeitazama kila siku."

Ilichukua wiki mbili kumshawishi. Mara mguu, mara kifua, mara atamwandikia barua. Waridi alikuwa anamjibu kitu kimoja tu: "Nataka uje na kamera yako." Baba akasema kamera ilikufa zamani, betri zake hata hazitengenezwi tena. "Najua," akasema Waridi. Jumamosi ya pili, asubuhi, nikamkuta baba mbele ya kioo amenyoa ndevu na kuvaa ile fulana ya mifuko minane. Tumbo lilikuwa limeizidi fulana. Nilicheka mpaka nikamsamehe, au nilimsamehe ndiyo nikacheka, sikumbuki.

Balbina alitupokea uani. Baba hakutaka kiti. "Mama Noela," akasema, "kanda yenu niliifuta mimi. Haikupotea. Niliifuta kwa mkono wangu, halafu nikakudanganya miaka yote hii. Nimekuja kuomba msamaha."

Balbina akamsogelea. "Ungetuambia," akasema. "Tungenuna mwezi mmoja tukasahau. Mwenzangu amekufa akiamini tutakuja kuitazama. Akiumwa alikuwa ananiambia, ikipatikana uniite. Nimekasirika, mzee, sitaki kukuficha."

"Una haki."

"Basi." Akakunja mikono kifuani. "Waridi amenipigia simu, ameniambia unayo kichwani. Haya, nionyeshe."

Tukaenda kanisani, kijiji nyuma yetu. Baba akasimama mbele ya mlango, akaiweka ile kamera kubwa iliyokufa begani, akafumba jicho moja. Waridi naye akainua yake ndogo, akaielekeza kwa Balbina. Na mzee wangu, ambaye huwa anasahau kama amekula, akaanza.

"Mlango unafunguka. Anatoka kwanza mtoto na maua, anajikwaa. Sikitu anafuata na mwamvuli, ananipiga nao kwenye lenzi."

"Mwamvuli ulikuwa mwekundu," akasema Wendelin.

"Mweusi."

"Mwekundu!"

"Mimi nilipigwa nao, wewe ulipigwa nao?"

Ikawa hivyo njia nzima. Gari la parokia, baba alisema la kijani na mlango mmoja mweupe, Wendelin akasema lote jeupe. Keki ilibebwa kichwani na mwanaume, Wendelin akasema na mwanamke, tena yuko hapa, na mwanamke mwenyewe akakana. Watu walivunjika mbavu. Kila mtu akaanza kukumbuka lake, wengine hata ambao mwaka ule hawakuwa wamezaliwa. Waridi hakumzuia yeyote. Alirudi kinyumenyume mbele ya Balbina, hatua kwa hatua, na mimi nilikuwa namshika kiuno asiingie mtaroni.

Balbina alitembea taratibu ameinamisha kichwa, vile vile kama siku ile, macho kwenye vumbi. Sidhani alijijua.

Tukafika kwenye mchepuko wa kwenda nyumbani kwao. Baba akasimama.

"Hapa ndipo nilipogombana na bwana harusi," akasema.

Balbina akapunguza mwendo.

"Nilitaka picha nzuri ya wawili, jua lilikuwa mahali pake. Nikamwambia, bwana harusi, tazama kamera. Hakutazama. Nikamwambia tena. Nikadhani labda hanisikii kwa ngoma, nikapaza sauti. Hasikii. Wewe umeinamisha kichwa hivyo, hujui lolote, na yeye amekugeukia wewe, macho hayabanduki. Anatembea na viatu vinampwaya, haangalii hata anakokanyaga. Nikashusha kamera nikamfuata, nikamwambia, kijana, unaniharibia kazi. Akaniambia, mzee, niache kidogo. Nilikasirika sana. Picha yote ya njia hii ilikuwa ubavu wa uso wake. Hakutazama kamera hata mara moja."

Sote tukamgeukia Wendelin tungoje ubishi wake. Alikuwa amevua kofia.

"Hapo mzee hajakosea," akasema. "Mimi nilimfinya mara mbili ageuke. Alikataa."

Balbina akainua uso. Machozi yalikuwa yanamtiririka na anacheka waziwazi, meno yote nje, katikati ya barabara, mbele ya watu wa Michenga.

"Rudia hapo," akamwambia baba.

"Kuanzia wapi?"

"Kuanzia mlangoni."

Baba akarudi mpaka mlango wa kanisa, akaiweka kamera begani, akaanza upya.